Joe Hisaishi, mtunzi aliyeanza na Mkwaju: nani hasa hutengeneza muziki wa filamu?

Mwishoni mwa Machi 2025 mitandao ilifurika picha za watu waliojigeuza katuni: maharusi, watoto na sare zao za shule, hata wanasiasa, wote wakiwa na mashavu mekundu na mawingu manene nyuma yao. Watu waliziita "picha za Ghibli", na wengi walizipandisha na kipande cha piano kinachokwenda taratibu, kama mtu anayekumbuka jambo huku anatembea. Tangu siku zile sijaacha kuulizwa. Huyu Ghibli ni mwanamuziki wa wapi? Ile piano alipiga Miyazaki mwenyewe? Mpwa wangu, ambaye filamu ya Spirited Away ameitazama mpaka anaijua kwa moyo, alinibishia jioni nzima kwamba aliyeimba wimbo wa mwisho ndiye aliyetunga piano ya mwanzo, "kwa sababu yote yamo kwenye sinema moja."

Simlaumu. Jina la mtunzi hupita mwishoni, kwa herufi za Kijapani, wakati watu wameshaanza kutafuta viatu vyao mlangoni. Na kazi yenyewe imejificha: ikifanywa vizuri, mtazamaji analia bila kujua kilichomliza. Ndiyo maana nimeona niifungue polepole, kwa kumfuata mtu mmoja ambaye maisha yake yanaionyesha kazi hiyo karibu pande zote.

Tuanze na majina. Ghibli si mtu. Ni studio ya filamu za katuni iliyoanzishwa Tokyo mwaka 1985. Hayao Miyazaki ni mwongozaji, na ni mmoja wa walioianzisha. Yeye huchora na kusimulia, muziki hatungi. Ile piano ni kazi ya Joe Hisaishi. Kipande kinachosikika sana kwenye video za simu, "One Summer's Day", ndicho kinachoifungua Spirited Away ya mwaka 2001, pale Chihiro, msichana mhusika mkuu, amelala kiti cha nyuma cha gari na shada la maua mkononi, hataki kuhama mji.

Sasa vyeo. Anayeijua taarabu hatapata taabu hapa. Katika taarabu yupo aliyetunga maneno, yupo aliyeyatia muziki, yupo anayeyaimba, na wapo waliokaa nyuma na fidla, ganuni na dumbaki. Anayetuzwa jukwaani ni mwimbaji, lakini wapenzi wenyewe wanajua maneno yametoka kwa nani. Filamu nayo ina watu wake. Mtunzi wa muziki wa filamu hubuni sauti za ala zinazotembea chini ya picha, na mara nyingi hakuna anayeimba hata neno moja. Wimbo wa filamu ni kitu kingine: una maneno, una mwimbaji, unaweza kupigwa redioni peke yake, na huenda umetungwa na mtu mwingine kabisa. Kondakta ndiye anayesimama mbele ya okestra na kuwaongoza wapigaji kwa mikono. Mwongozaji ni mkuu wa filamu nzima, na ndiye mwenye neno la mwisho hata kwenye muziki. Hisaishi ni mtunzi ambaye pia hupiga piano na hushika fimbo ya kondakta, kwa hiyo ukimtafuta mtandaoni utamwona katika sura tatu na usijue ipi ndiyo kazi.

Ukiishika tofauti hiyo, ubishi wa mpwa wangu unaisha. Wimbo wa mwisho wa Spirited Away uliimbwa na Youmi Kimura, naye ndiye aliyeutia muziki, akijipigia kinubi kidogo. Wimbo unaofunga The Wind Rises ya mwaka 2013 ulitoka mwaka 1973, miaka 40 kabla ya filamu, na mwenyewe ni Yumi Arai. Ule wa The Boy and the Heron ni wa Kenshi Yonezu. Lakini nyimbo za My Neighbor Totoro ya mwaka 1988, ukiwemo ule wa matembezi ambao watoto wa chekechea wa Japani huuimba wakipanga mstari, muziki wake ni wa Hisaishi. Hakuna kanuni, ni lazima uangalie filamu moja moja.

Na kwa kuwa tumegusa waimbaji, kuna dhana moja nimeisahihisha mara nyingi. Sauti nyembamba, ya juu, inayoimba wimbo mkuu wa Princess Mononoke (1997) si ya mwanamke. Ni ya Yoshikazu Mera, mwanamume aliyefunzwa kuimba kwa sauti ya juu namna ile. Maneno aliandika Miyazaki, muziki akatia Hisaishi.

Jina la kubuni, mti wa kweli

Joe Hisaishi si jina alilopewa na wazazi. Alizaliwa Mamoru Fujisawa, tarehe 6 Desemba 1950, katika mji wa Nakano, mkoa wa Nagano, nchi ya milima na theluji. Alianza kujifunza violini akiwa mtoto mdogo wa kama miaka minne, na baadaye akasomea utunzi katika Chuo cha Muziki cha Kunitachi, Tokyo.

Alipoanza kupata kazi alitaka jina la kisanii, na alikuwa akimhusudu Quincy Jones, mtunzi na mpangaji wa muziki wa Marekani. Hapo ndipo maandishi ya Kijapani yanapofanya jambo ambalo herufi zetu haziwezi. Alama moja inaweza kusomwa kwa namna zaidi ya moja. Alama mbili zinazoandika "Hisaishi" zinaweza pia kusomwa "Kuishi", ambalo kwenye masikio ya Mjapani linakaribiana na Quincy. Jones likakatwa likabaki Joe. Kwa hiyo kila anayeliandika jina lake kwa Kijapani anaandika, kwa kificho, jina la Mmarekani aliyempenda.

Siku hizo Hisaishi hakuwa na habari na filamu za watoto. Kichwani mwake mlikuwa na muziki wa kurudiarudia. Naomba tusimame hapa kidogo, maana bila kukielewa kipengele hiki huwezi kumwelewa mtu huyu. Miaka ya 1960 kikundi cha watunzi wa Marekani, akina Terry Riley, Steve Reich na Philip Glass, waliachana na muziki mgumu wa vyuoni wakaanza kutunga vipande vifupi sana, sauti nne au tano, vinavyorudiwa muda mrefu huku vikibadilika kidogo kidogo. Msikilizaji wa Ulaya alishangaa: mbona hauendi popote? Msikilizaji aliyekulia karibu na ngoma hashangai. Anajua kwamba ngoma moja hushika mdundo wake bila kuyumba usiku kucha, nyingine ikacheza juu yake, na kwamba utamu unatoka kwenye kukutana na kupishana kwao. Aliyesimama mbali anasikia kitu kimoja. Aliye ndani ya duara anasikia mambo mia. Steve Reich mwenyewe alikwenda Ghana mwaka 1970 kujifunza ngoma, kwa hiyo undugu huo si wa kudhania.

Na hapa ndipo Kiswahili kinapoingia, jambo ambalo nilipoligundua lilinisimamisha. Mwaka 1981 Hisaishi alitunga na kusimamia kurekodiwa kwa albamu ya kikundi cha wapigaji wa ala za kugonga, akiwemo Midori Takada, mwanamke ambaye leo anaheshimika dunia nzima kwa marimba yake. Kikundi kiliitwa Mkwaju Ensemble. Albamu iliitwa Mkwaju. Kipande kinachoifungua kinaitwa "Mkwaju". Ndiyo, ni mkwaju huohuo, mti wa ukwaju, ule ambao watoto huupanda wakarudi na meno yaliyokufa ganzi. Kilichomchochea kilikuwa midundo ya ngoma za Afrika Mashariki, na ukikisikiliza utaona: marimba zinashika vijisauti vichache, zinavizungusha, zinapishana, kisha pole pole kitu kinachipua katikati ambacho hakuna mpigaji hata mmoja anayekipiga peke yake. Hata neno marimba lenyewe ni la Kibantu, lilisafiri hadi Amerika kabla ya kufika Japani.

Sisemi kwamba muziki wa Totoro ni ngoma ya Kimakonde. Ninachosema ni kwamba mtu aliyekuja kujulikana kwa nyimbo tamu za piano alikuwa kwanza mwanafunzi wa marudio, na hakuacha. Mwaka 2009 alikirudia "Mkwaju" kwa okestra kubwa, akakirekodi na London Symphony Orchestra. Alikuwa na miaka 58, tayari mashuhuri, na bado alirudi kwenye mti ule.

Kazi yenyewe ikoje

Hisaishi alishatunga kwa ajili ya katuni za televisheni tangu mwaka 1974, lakini mlango mkubwa ulifunguka mwaka 1983. Kampuni ya Tokuma, iliyokuwa inaandaa filamu ya Miyazaki iitwayo Nausicaä of the Valley of the Wind, ilimtaka atengeneze kitu ambacho Wajapani hukiita albamu ya taswira. Ni desturi yao, na inafaa kuelezwa. Kabla filamu haijachorwa ikaisha, mtunzi hupewa michoro ya mwanzo na maneno machache ya mwongozaji: upepo, msitu wenye sumu, binti anayeruka. Yeye hutunga muziki kutokana na hayo tu, bila picha inayotembea. Albamu huuzwa mapema, watu huanza kuipenda hadithi ambayo hawajaiona, na mwongozaji naye huisikiliza akiwa anachora.

Fikiria fundi mshonaji anayeelezwa bibi harusi alivyo, hajamwona, akaambiwa ashone gauni la majaribio. Likimkaa vizuri, anapewa na kazi ya harusi. Kwa Hisaishi lilikaa. Mtunzi aliyefikiriwa mwanzoni alikuwa Haruomi Hosono, mwanamuziki mwenye jina kubwa kuliko yeye wakati ule. Hosono alitunga hata wimbo wa kuitangaza filamu, ukatoka na kupendwa, lakini ndani ya filamu haumo. Miyazaki na mtayarishaji wake, Isao Takahata, walikuwa wameisikia albamu ya taswira, wakamchagua kijana wa Nagano. Filamu ilitoka Machi 1984. Tangu hiyo hadi The Boy and the Heron ya mwaka 2023, filamu ndefu zote za Miyazaki zimepitia mikononi mwa Hisaishi. Ni karibu miaka 40 ya watu wawili kufanya kazi pamoja, na kwa mujibu wa Hisaishi mwenyewe si marafiki wa kutembeleana na kunywa pamoja. Hukutana kazini.

Filamu ikishakamilika kiasi cha kutazamika, kazi ya pili huanza. Mtunzi na mwongozaji hukaa wakaitazama kipande kwa kipande, wakikubaliana muziki uanzie wapi na uishie wapi. Uanze binti anapofungua mlango, au anapoona kilicho ndani? Sekunde mbili hizo zinabadilisha maana. Ukianza kabla ya mlango, mtazamaji anaonywa. Ukianza baada yake, anashtuka pamoja na binti. Kisha mtunzi huingia kwenye hesabu. Filamu huonyesha picha 24 kwa sekunde. Muziki wa mapigo 120 kwa dakika hupiga mara mbili kila sekunde, maana yake pigo moja kwa kila picha 12. Akitaka sauti nzito iangukie hasa pale mguu unapotua, anahesabu kurudi nyuma, anapunguza au kuongeza mwendo kidogo, na anafanya hivyo bila wewe kusikia kwamba muziki umekunjwa. Halafu ndipo huandika noti za kila ala, okestra hurekodi ikitazama picha, na mwisho fundi wa sauti huchanganya tabaka tatu: maneno ya waigizaji, sauti za vitu kama mvua na nyayo, na muziki.

Sisi tuliokua na sinema za kutafsiriwa kwenye vibanda umiza tunalijua tabaka la nne, yaani mtafsiri anayeongea juu ya vyote. Nawapenda watafsiri wale, wamelea vizazi. Lakini sauti yao ikipanda, muziki hushushwa, na nadhani ndiyo sababu moja wengi wetu tulizijua hadithi za filamu vizuri sana na muziki wake kidogo sana.

Ndani ya kazi hii kuna ujuzi unaoitwa wimbo-kitambulisho: sauti fupi inayomfuata mhusika au wazo. Mfano mzuri ni Howl's Moving Castle ya mwaka 2004. Sophie, binti wa miaka 18, anarogwa anakuwa bibi wa miaka 90, na umri wake unapanda na kushuka filamu nzima. Mtazamaji angeweza kumpoteza. Miyazaki akaomba kiini kimoja tu cha muziki kiishike filamu yote, na Hisaishi akatunga mwendo wa moja-mbili-tatu, wa kuzunguka kama wachezaji ukumbini, kisha akaugeuza: mara piano peke yake, mara okestra nzima, mara polepole kama mtu anayeshuka ngazi kwa fimbo. Mtu anaweza kubadili kanga mara saba, lakini mwendo wake unaujua kwa mbali. Ndivyo tunavyomtambua Sophie akiwa na mvi.

Kunyamaza nako ni kutunga

Watu wengi wanadhani filamu yenye muziki mwingi ndiyo yenye mtunzi mzuri. Kisa cha Castle in the Sky kinafundisha tofauti. Filamu hiyo ya mwaka 1986 ina urefu wa saa mbili na dakika nne, na katika toleo la Kijapani muziki ulijaza takriban saa moja tu. Mahali pengi unasikia upepo, injini na pumzi za watoto. Kampuni ya Disney ilipoiandaa kwa Kiingereza mwishoni mwa miaka ya 1990, ilionekana kwamba mtazamaji wa Marekani hukosa raha akikaa dakika kadhaa bila muziki. Hisaishi akaombwa kuupanua, na akakubali, akaandika upya kwa okestra kubwa na kujaza nafasi zilizokuwa tupu. Zote mbili ni kazi zake halali. Mimi nalipenda la kwanza, kwa sababu ukimya wa ile ngome iliyotelekezwa angani ndio unaoufanya muziki, unapokuja, uwe kama mtu anayeingia nyumba isiyokaliwa.

Ujuzi huo wa kujizuia aliunoa zaidi kwa mwongozaji ambaye wapenzi wa katuni hawamjui. Takeshi Kitano, mchekeshaji wa televisheni aliyegeuka mwongozaji, hutengeneza filamu za majambazi na za watu wasioongea. Kuanzia A Scene at the Sea ya mwaka 1991, ambayo vijana wake wawili wakuu ni viziwi, hadi Dolls ya mwaka 2002, Hisaishi alimtungia filamu saba. Sonatine, Hana-bi na Kikujiro zimo humo. Hana-bi ilishinda Simba wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la Venice, mwaka 1997. Kile kipande cha piano kiitwacho "Summer", ambacho nusu ya dunia wanadhani ni cha Ghibli, ni cha Kikujiro ya mwaka 1999, hadithi ya mtoto na mhuni mzee wanaosafiri kumtafuta mama. Ghibli hawamo.

Na kinyume chake pia ni kweli: si kila filamu ya Ghibli ni ya Hisaishi. Tarehe 16 Aprili 1988 studio hiyo ilitoa filamu mbili siku moja, zikaonyeshwa pamoja. Totoro ilikuwa na muziki wa Hisaishi. Grave of the Fireflies, ile ya ndugu wawili yatima wa vita ambayo hakuna anayeitazama mara mbili kwa urahisi, muziki wake ni wa Michio Mamiya. Muziki wa Whisper of the Heart ni wa Yuji Nomi. Kwa Takahata, ambaye naye alikuwa mwongozaji na ndiye aliyemtetea tangu mwanzo, Hisaishi alitungia filamu moja tu, The Tale of the Princess Kaguya, mwaka 2013.

Televisheni ina namna yake, na hapo watu huchanganya sana. Katika tamthilia na katuni nyingi za televisheni ya Japani, mtunzi hatungi kwa kufuata picha. Hupewa orodha kabla: huzuni nyepesi, huzuni nzito, hatari inakaribia, asubuhi ya kawaida, kukimbia. Hutunga vipande kadhaa, vikarekodiwa vyote kwa mkupuo, kisha mtu mwingine mwenye kazi ya kuchagua muziki huvipanga kwenye kila sehemu wiki baada ya wiki. Mama ntilie anaijua njia hii. Alfajiri anapika maharage, samaki, mchicha na nyama, kila kimoja na sufuria yake. Mchana anapakua kulingana na sahani ya mteja. Filamu ya sinema ni pilau la shughuli moja, linalopikwa kwa idadi ya wageni na saa ya kula. Basi ukiona kipande kilekile kinarudi katika sehemu ya 3, ya 9 na ya 20 ya katuni uipendayo, usiseme mtunzi ni mvivu. Ndivyo ulivyopangwa.

Hisaishi amefanya televisheni pia, na ya hadhi. Alitungia mfululizo wa shirika la utangazaji la NHK kuhusu mwili wa binadamu, mwaka 1989, na tamthilia kubwa ya kihistoria ya shirika hilohilo, Clouds Above the Hill, iliyorushwa kati ya 2009 na 2011, ambayo wimbo wake mkuu uliimbwa na Mwingereza Sarah Brightman.

Kuhusu tuzo, niseme wazi kwa sababu mitandao inadanganya kila siku. Hisaishi hajawahi kushinda Oscar. Spirited Away ilishinda Oscar ya filamu bora ya katuni mwaka 2003, na The Boy and the Heron ikaipata mwaka 2024, lakini tuzo hizo ni za filamu. Departures, filamu ya mwaka 2008 kuhusu mpiga selo aliyepoteza kazi akaishia kuosha na kuvisha maiti, ilishinda Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni mwaka 2009, nayo ina muziki wake, tena wa selo. Bado si tuzo yake. Mjapani aliyeshinda Oscar ya muziki wa filamu ni Ryuichi Sakamoto, mwaka 1988, kwa The Last Emperor, akiigawana na David Byrne na Cong Su. Nyumbani kwao Hisaishi ametuzwa sana na Akademia ya filamu ya Japani, ikiwemo miaka mitatu mfululizo, 1992 hadi 1994. Hilo la Oscar linaniuma kidogo, sitaficha.

Wengine huuliza kama ni halali kupiga vipande vyake kanisani, harusini au kwenye tamasha. Muziki huu una mwenyewe, kama ulivyo wa kwetu. Kujifunza nyumbani hakuna anayekukataza. Ukitoza kiingilio au ukiupanga upya na kuuza, unahitaji ruhusa. Japani wana chombo chao cha kukusanya haki za watunzi tangu mwaka 1939, na sisi Tanzania tuna COSOTA, ofisi inayosimamia hakimiliki.

Siku hizi Hisaishi yuko zaidi jukwaani. Agosti 2008 aliujaza ukumbi wa Budokan jijini Tokyo kwa tamasha la miaka 25 ya kazi zake na Miyazaki, wapigaji na waimbaji wakipita elfu moja. Mwaka 2023 alitoa albamu ya muziki wa filamu hizo na Royal Philharmonic Orchestra ya London. Lakini mwaka huohuo ndipo ilipotoka The Boy and the Heron, na nilipoisikiliza nilijua nimerudi mahali ninapopajua. Hakukuwa na albamu ya taswira safari hii. Aliona picha zikiwa karibu kukamilika, Miyazaki akamwachia. Badala ya okestra kumwagika, kuna piano, sauti chache, zinarudi, zinarudi tena, zinabadilika kiasi cha unywele. Mzee wa miaka 72 aliyekuwa akitunga vile akiwa na miaka 30.

Jumapili iliyopita nilimketisha mpwa wangu tukafanya jaribio. Tulichukua sehemu ya treni katika Spirited Away, pale Chihiro anaposafiri juu ya maji hadi kituo cha sita. Mara ya kwanza tulizima sauti kabisa. Aliona treni, abiria kama vivuli, kituo kimoja, kingine, giza linaingia. Baada ya muda akaanza kucheza na kamba ya kiatu. Kisha tukairudisha mwanzo, tukafungua sauti. Piano iliingia peke yake, kidogo kidogo, nyuzi zikaja chini yake. Hakuna aliyesema neno katika filamu, na yeye hakusema. Kivuli cha msichana kilipobaki kimesimama kituoni na treni ikaondoka, alinishika mkono akauliza yule alikuwa anamsubiri nani.